Fundi wa Nyumbani: Msilihukumu Boksi Kabla ya Kuziuliza Nyaya

Leo nataka kuzungumza nanyi juu ya jambo linalowatia watu hofu kuliko yote katika gari, yaani nyaya za kontroli boksi. Najua wengi wenu hamna gari. Lakini vijiji vingi siku hizi vina gari moja au mawili yaliyozeeka, na gari hilo ni la mwenyewe kwa karatasi tu; kwa kazi ni la wote. Ndilo lipelekalo mahindi sokoni, ndilo limchukualo mama mja mzito usiku kwenda hospitali, ndilo lirudishalo maiti nyumbani. Likisimama, kijiji kizima chaumia. Kwa hiyo yafaa watu wa nyumbani wajue kidogo mambo yake, ili wasidanganywe, wala wasijidanganye wenyewe.

Nitaanza kwa kuungama kosa langu.

Shemeji yangu, mume wa dada yangu, ana Toyota Corolla ya mwaka 1994, ile waiitayo AE100, yenye injini ya 5A-FE. Mwaka juzi gari hilo lilianza kunywa petroli kama mlevi. Safari ya mjini iliyokuwa ikihitaji lita 4 ikataka 6. Moshi mweusi ulitoka nyuma. Plagi tulipozifungua zilikuwa nyeusi ti, kama mkaa. Ajabu yake ni kwamba asubuhi injini ikiwa baridi iliwaka vizuri. Ilipopata moto ndipo ilipoanza kukohoa na kuzimika.

Tukamwita fundi wa mjini. Akafungua boneti, akasikiliza kidogo, akatikisa kichwa, akasema, "Mzee, kontroli boksi limekufa." Shemeji akanigeukia mimi, kwa kuwa ndimi nijulikanaye kuwa mtu wa mitambo. Ilinipasa kuuliza, "Umelipimaje?" Sikuuliza. Nilisema, "Fundi amekwisha sema. Tafuta jingine." Basi shemeji akamwuza ng'ombe aliyekuwa amemweka kwa ajili ya ada ya binti yake wa kidato cha tatu. Likanunuliwa boksi lililokwisha tumika, likafungwa. Tukawasha gari. Injini ilipopata moto, moshi ukatoka ule ule.

Siku ile hatukula vizuri nyumbani kwa dada yangu.

Tuache hadithi hapo kwanza, tulitazame boksi lenyewe.

Magari ya zamani yalikuwa na kabureta. Kabureta yachanganya petroli na hewa kwa nguvu ya mvuto wa injini tu, haijui kama kuna baridi au joto. Mwaka 1967 kampuni ya Bosch ya Ujerumani ilitoa mtambo uitwao D-Jetronic, nao ulianza kufungwa katika gari la Volkswagen 1600. Humo petroli haikupimwa tena na kabureta, bali na boksi la umeme. Baada ya hapo kampuni nyingine zikafuata njia hiyo. Kufika miaka ya 1990, magari madogo mengi ya Japani yalikuwa na boksi la namna hiyo, na hayo ndiyo tuyaonayo katika barabara zetu za vumbi mpaka leo.

Sasa sikilizeni vizuri, kwani hapa ndipo penye kiini cha maneno yangu. Boksi halioni injini. Limefungwa ndani, chini ya dashibodi, gizani. Ni kama mzee kipofu aketiye barazani. Hana budi kuwatuma watoto waende kutazama, nao hurudi kumwambia. Akiambiwa kweli, atatoa amri nzuri. Akiambiwa uongo, atatoa amri mbaya, na hatakuwa na kosa. Watoto hao wanaotumwa huitwa sensa. (Siyo sensa ile ya kuhesabu watu!) Na njia wanazopita ni nyaya.

Ukifungua soketi ya boksi utaona nyaya nyingi, ukakata tamaa. Usikate tamaa. Nyaya zote hizo zagawanyika katika mafungu manne tu.

Fungu la kwanza ni nyaya za chakula. Hizi hulipa boksi umeme wa betri. Katika Toyota hiyo kuna mmoja ulioandikwa BATT. Huo hupata umeme siku zote, hata gari likiwa limezimwa, kusudi boksi lisisahau mambo liliyoyakumbuka. Kuna mwingine ulioandikwa +B. Huo hupata umeme pale tu ufunguo unapofunguliwa, na umeme wake hupitia rilei ya EFI. Ukipima +B na ufunguo umefunguliwa, nawe ukapata volti 12 au karibu yake, boksi limekula. Usipopata kitu, usilinunulie gari boksi jipya! Tazama fyuzi, kisha rilei.

Fungu la pili ni nyaya za erthi. Umeme ukiingia lazima upate njia ya kurudi. Katika mchoro wa Toyota utaona E1, E01, E02 na E2. Hizo tatu za kwanza hufungwa kwa bolti katika chuma cha injini. E2 ni ya sensa peke yake. Hurudi kwanza ndani ya boksi. Erthi mbovu huleta magonjwa ya ajabu ajabu, leo hili, kesho lile, na watu husema gari limerogwa. Halikurogwa, bolti imeshika kutu. Kuipima ni rahisi. Injini ikiwa inanguruma, weka waya mmoja wa mita katika hasi ya betri na mwingine katika E1 ya boksi. Isizidi sehemu ya kumi ya volti, yaani 0.1 au zaidi kidogo tu. Ukipata nusu volti, fungua bolti, kwangua kutu mpaka chuma king'ae, kaza tena.

Fungu la tatu ni nyaya za habari, zitokazo katika sensa. NE na G hutoka katika distributa, nazo huliambia boksi injini yazunguka kwa kasi gani na pistoni ziko wapi. PIM hueleza mvuto wa hewa ndani ya injini. VTA hueleza mguu wa dereva umekanyaga kiasi gani. THA hueleza joto la hewa. THW hueleza joto la maji. Likumbukeni jina hilo la THW, tutalirudia.

Fungu la nne ni nyaya za amri. #10 na #20 huamuru nozeli zinyunyize petroli. Hapa wengi hukosea. Nozeli hupata umeme wake mahali pengine. Boksi huifungia na kuifungulia njia ya erthi tu. Mtu asiyejua akipeleka umeme wa betri moja kwa moja katika waya wa #10, aweza kuliunguza boksi lililokuwa zima. Tena kuna IGT, nayo ni amri ya kutoa cheche, na IGF ambayo ni jibu lake: "Nimefanya." Boksi lisipopata jibu hilo, huzuia petroli.

Basi, ni chakula, erthi, habari na amri. Mtoto wa darasa la saba aweza kuyakariri hayo.

Huenda utauliza, "Nitaujuaje waya wangu kati ya hizo zote?" Kwa rangi yake na kwa mchoro. Katika michoro ya Toyota kila rangi ina herufi. B ni nyeusi, W ni nyeupe, R ni nyekundu, G ni kijani, Y ni njano, BR ni kahawia. Buluu ni L, siyo B, na wengi hupotea hapo. Ukiona herufi mbili zenye kistari kati yake, ya kwanza ni rangi ya waya wenyewe, ya pili ni rangi ya mstari mwembamba uliopakwa juu yake. G-Y ni waya wa kijani wenye mstari wa njano. Lakini angalia: mchoro uwe wa gari lako hasa, wa mwaka wake na injini yake. Mchoro wa gari jingine ni kama dawa ya mgonjwa mwingine.

Sasa turudi kwa shemeji.

Binti yake alikuwa nyumbani kwa likizo. Alikuwa amesikia mambo yote, hata habari ya ng'ombe wake. Jioni moja alinijia kwa adabu, akapiga magoti kunisalimu, "Shikamoo, mjomba." Nikaitika. Kisha akauliza, "Mjomba, boksi lile la kwanza mlilipima?"

Nikasema, "Fundi alisikiliza injini."

Akanyamaza kidogo, akasema, "Shuleni twaambiwa tupime kwanza, ndipo tuseme."

Wasomaji, mimi ni mtu mzima mwenye mvi, lakini maneno yale yaliniingia. Kesho yake asubuhi nilichukua mita yangu ya umeme, nikaenda na mpwa wangu mpaka kwenye gari.

Kwanza tuliliuliza boksi lenyewe. Magari ya Toyota ya miaka ile yana kijisanduku kidogo ndani ya boneti, juu yake pameandikwa DIAGNOSIS. Ukifungua kifuniko utaona majina ya matundu. Unganisha TE1 na E1 kwa kipande cha waya, fungua ufunguo bila kuwasha injini, kisha tazama taa ya injini katika dashibodi. Itakonyeza. Ikikonyeza mfululizo kwa mwendo ule ule, boksi lasema halikuona kosa. Kama lina neno, huhesabu. Ikikonyeza mara 2, ikapumzika, tena mara 2, hiyo ni 22, nayo ni sensa ya joto la maji. Katika injini hiyo 12 ni habari za distributa, 14 ni jibu la cheche, 24 ni joto la hewa, 31 ni mvuto wa hewa, 41 ni mlango wa hewa. Usikosee matundu, kwani mengine yana umeme wa betri.

Taa yetu ilikonyeza sawasawa. Hakuna kosa! Fundi mvivu angekomea hapo. Lakini mpwa wangu akasema, "Mjomba, labda shahidi anasema uongo unaofanana na kweli."

Naye alisema kweli. Sensa ya joto la maji haina akili. Ni kitu kinachozuia umeme kupita. Ikiwa baridi huzuia sana, ikipata moto huzuia kidogo. Maji yakiwa na joto la digrii 20 sensa hiyo ina omu 2,000 mpaka 3,000. Yakifika digrii 80 ina omu 200 mpaka 400 tu. Waya ukikatika kabisa, boksi huona upesi kwamba hapo pana uwongo. Huandika 22, kisha hujisemea, "Nitachukua kwamba maji yana digrii 80," nalo huendesha gari hivyo. Lakini ikiwa waya haukukatika, bali umeoza kidogo, kuoza kule huongeza omu zake juu ya zile za sensa. Boksi halina njia ya kutambua. Laamini tu kwamba injini ni baridi.

Na injini baridi hupewa petroli nyingi, kama mtoto mwenye homa apewavyo blanketi mbili. Sasa mmeelewa ugonjwa wa gari la shemeji. Asubuhi injini ilikuwa baridi kweli, habari ikawa karibu na kweli, likaenda vizuri. Mchana injini ilikuwa moto, boksi likaambiwa, "Bado ni baridi," likamimina petroli. Moshi mweusi, plagi nyeusi, petroli kwisha.

Tena sindano ya joto katika dashibodi ilikuwa inaonyesha sawa siku zote. Hiyo ndiyo iliyotupoteza. Katika injini hiyo sensa za joto la maji ni mbili. Yenye waya mmoja hupeleka habari kwa sindano, kwa ajili ya macho ya dereva. Yenye nyaya mbili hupeleka kwa boksi. Mmoja alisema kweli, mwingine alisema uongo, nasi tukamsikiliza yule mmoja tu.

Tukawasha injini mpaka ikapata moto, tukaizima, tukafungua hasi ya betri, ndipo tukachomoa soketi. Tukapima sensa yenyewe kwenye injini: omu 300. Ni nzima. Tukaenda mwisho wa pili wa nyaya, katika soketi ya boksi, huku soketi ya sensa imerudishwa, tukapima kati ya THW na E2: omu 2,500! Sensa ilisema "nina moto," na maneno yalipofika kwa boksi yamekuwa "nina baridi." Mpwa wangu akatoa kichwani: omu 2,200 zimeongezeka njiani.

Tukaupima waya mmoja mmoja, toka mwisho hata mwisho. Waya wa E2 ulikuwa chini ya omu moja, kama iwapasavyo nyaya zote. Waya wa THW ndio uliokuwa na omu 2,200. Tukaufuata kwa vidole. Chini ya betri tukakuta mahali paliposokotwa kwa mkono na kufungwa utepe mweusi. Zamani fundi fulani aliukata akauunga, na maji ya betri yakadondokea hapo kwa miaka. Nilipofungua utepe nikakuta shaba imekuwa unga wa kijani.

Tukakata sehemu iliyooza, tukaweka kipande cha waya kipya, tukalehemu kwa risasi, tukafunika. Kazi yote ilichukua saa moja. Jioni tukarudisha boksi lile la kwanza, lililosemwa kuwa limekufa. Injini ikapata moto, ikanguruma taratibu. Moshi haukuonekana tena. Safari ya mjini ikarudi lita 4.

Aliyetuuzia boksi alikataa kulirudisha. Sikumlaumu; hakutulazimisha kununua. Nilikwenda kwa shemeji nikamwambia, "Shauri lilikuwa langu, na hasara iwe yangu pia." Nilitoa nusu ya ada, ndugu wengine wakachanga iliyobaki. Mpwa wangu alirudi shuleni akiwa amechelewa majuma mawili. Majuma hayo mawili ndiyo yanayonifanya niandike leo.

Basi, kabla hujakubali kununua boksi, shika mambo haya.

Mwombe fundi akuonyeshe kipimo, siyo kichwa kinachotikisika. Maboksi hufa, ni kweli, lakini nyaya, soketi na erthi zilizolala katika joto, vumbi na maji kwa miaka 30 huugua kwanza.

Fungua hasi ya betri kabla ya kuchomoa soketi ya boksi. Usichomoe huku ufunguo umefunguliwa.

Usipime nyaya za boksi kwa taa ya balbu. Balbu huvuta umeme mwingi, yaweza kuunguza ndani. Tumia mita ya namba.

Usichome waya kwa sindano kutafuta umeme. Kitundu hicho ndicho mlango wa maji, na maji huleta kutu. Pima kwa nyuma ya soketi.

Mtu akitaka kuchomelea bodi ya gari kwa umeme, fungua betri na uchomoe boksi kwanza.

Usiunge waya kwa kusokota na utepe tu. Lehemu, kisha funika vizuri. Wala usiunge waya wa kijani kwa kipande chekundu; atakayekuja baada yako atapotea, na huenda atakuwa mtoto wako.

Ukimaliza kutengeneza, toa fyuzi iliyoandikwa EFI kwa muda wa sekunde 30 au zaidi, kisha irudishe. Hapo boksi litasahau makosa ya zamani, nawe utajua kama mapya yapo.

Wahenga walisema, njia ya mwongo ni fupi. Njia ya waya ule ilikuwa na urefu wa mita mbili hivi, nasi tulizunguka mpaka mjini na ng'ombe akaenda.

Juma lijalo, tukijaliwa, tutazungumza juu ya rejeta na maji yake, na kwa nini maji ya kisima huiharibu.

Fundi Wenu